Little Fires Everywhere: nimekisoma mara mbili, mara ya pili kwa ajili ya mama yangu

Kitabu hiki nilikipata kwa mzee mmoja anayepanga vitabu vya mtumba juu ya turubai pale mjini, alitaka elfu thelathini na tano tukabishana nikampa ishirini na tano. Kava imekunjika kona na ndani kuna jina la mtu kwa kalamu ya bluu lakini kurasa zote zipo, nilikagua kabla ya kulipa maana nimewahi kuuziwa kitabu kisicho na mwisho. Mwandishi ni Celeste Ng, Mmarekani ambaye wazazi wake walitoka Hong Kong, na kitabu kilitoka 2017. Nilidhani nitasoma polepole kwenye taksi nikienda kazini, wapi, nilipitishwa steji yangu mara mbili wiki ya kwanza.

Naonya mapema, nitasema mambo ya ndani mpaka ya mwisho, kwa hiyo kama hujasoma na hutaki kujua basi soma aya hizi mbili tatu alafu kanunue urudi.

Hadithi iko hivi. Shaker Heights, kitongoji cha matajiri nje ya jiji la Cleveland, jimbo la Ohio, mwaka 1997 kuingia 1998. Kuna familia ya Richardson, baba ni wakili, mama ni mwandishi wa gazeti dogo la mtaani, watoto wanne, Lexie, Trip, Moody na Izzy, nyumba kubwa, magari, kila kitu. Mama huyu amerithi pia nyumba ndogo ya kupangisha na anaipangisha kwa watu anaoona wanastahili kusaidiwa. Anakuja Mia Warren na binti yake Pearl wa miaka 15, Mia ni msanii wa picha, wamezunguka Marekani nzima kwenye gari dogo, kila mji miezi kadhaa alafu wanafunga mizigo. Ukurasa wa kwanza kabisa nyumba ya Richardson inaungua, na mtu amewasha moto mdogo mdogo katikati ya kila kitanda. Kitabu kizima ni kurudi nyuma kuonyesha tulifikaje hapo.

Kabla sijafika kwa kilichoniuma niseme kuhusu huo mtaa, maana kwangu mtaa wenyewe ni kama mtu kwenye hiki kitabu. Shaker Heights si ya kubuni, ipo, mwandishi mwenyewe alikulia hapo. Iliwekwa na ndugu wawili wafanyabiashara, kina Van Sweringen, mwanzoni mwa karne iliyopita, na walipanga kila kitu, nyumba iwe ya mtindo gani, rangi gani, nyasi zisizidi urefu gani, takataka usiweke mbele ya nyumba zinafuatwa nyuma na vigari vidogo ili barabara isionekane chafu. Mama Richardson ni mtoto wa mpango huo, anaamini kabisa moyoni kwamba ukifuata kanuni maisha yanakaa sawa, na aliyeharibikiwa basi kuna kanuni aliivunja. Hapo ndipo hasira yangu na yeye ilipoanzia na ndipo huruma yangu kwake ilipoanzia pia.

Sasa sisi wa Kampala tunaujua mpango wa namna hii. Miaka ya 1940 mkoloni alimleta Ernst May, Mjerumani mchoraji wa miji, apange upanuzi wa jiji kwenye vilima vya Kololo na Naguru, na vilima vikapangwa kwa rangi za watu, Mwafrika akawekwa Naguru. Rangi ilitoka kwenye karatasi lakini vilima vilibaki vile vile, na watu wa zile esteti za zamani za Naguru na Nakawa walifukuzwa 2011 nyumba zikabomolewa. Mimi nilikulia Naguru, kwenye barakisi ya polisi, ndani ya unipoti, ile nyumba ya bati la mviringo ambayo mchana inakua oveni na usiku wa mvua hamsikilizani. Baba alikua konstebo. Kiswahili changu kinatoka hapo, cha askari na watoto wa askari, lugha ambayo shuleni tulichekewa nayo. Kutoka barakisi unashuka kilima unavuka barabara ya Lugogo Bypass unapanda Kololo, kwa miguu si mbali hata kidogo, na mama yangu aliipanda njia hiyo karibu kila siku kwa miaka sita kwenda kufua na kupiga pasi kwenye nyumba ya watu.

Ndio maana sikuweza kukisoma kama hadithi ya Wamarekani.

Kwenye kitabu Mama Richardson anamwona Mia anahangaika na kazi ya mgahawa, anamwambia njoo kwangu, usafi kidogo na kupika chakula cha jioni, nitakulipa, upate muda wa sanaa yako. Anasema kwa roho safi! Hadanganyi, anajiona anasaidia kweli, na Mia anaona wazi kwamba kukataa kutaonekana ni dharau, isitoshe binti yake Pearl siku zote yuko kwenye nyumba ile, anaona afadhali awe karibu. Ukurasa huo niliusoma nikaufunga. Maana hivo hivo ndivyo mama alivyopata kazi Kololo. Huyo madamu hakua mzungu, alikua Mganda mwenzetu, mumewe na kampuni yake, mtu mpole, hakuwahi kumpigia mama kelele hata siku moja. Alitupa nguo za mtoto wake, alitupa sukari Krismasi, na mimi likizo nilikua nakwenda na mama, nakaa kwenye zulia la sebuleni nasoma vitabu vya binti yao tulielingana umri. Nilikua Pearl mtupu. Pearl anaingia nyumba ya Richardson anashangaa kwamba watu wana makochi ya kukaa wote pamoja, kwamba kuna kitu kinaitwa kuzoea mahali. Mimi nilishangaa friji. Nilikua nafungua nasimama tu hapo baridi inanipiga usoni.

Kuna jambo moja Celeste Ng amelifanya ambalo sijui wasomaji wangapi wameliona, mimi nililiona kwa sababu ya lugha yetu. Kitabu kizima yule mama tajiri anaitwa "Mrs. Richardson", mwanzo mpaka mwisho, jina lake Elena unalisikia mara chache sana. Mia ni Mia. Hana cheo wala hana "bibi fulani", ni Mia tu. Sasa fikiria kwetu. Barakisi mama yangu alikua Mama Amina, hakuna aliyemwita vingine, askari mkubwa mdogo, mwenye duka, mwalimu, wote Mama Amina, maana kumwita mwanamke aliyezaa kwa jina lake la kuzaliwa mbele ya watoto wake ni kumvua nguo. Akishuka kilima akipanda kile kingine anakua Rehema. Rehema leta hiki, Rehema umeona soksi za mtoto. Na mtoto wa miaka minane wa nyumba ile pia alimwita Rehema. Na yeye mama alimwita madamu. Nilikua mdogo lakini nilihisi kuna kitu kinabaki kule barabarani Lugogo kila asubuhi, na mpaka nasoma kitabu hiki ndio nimekipatia jina, ni umama wake. Alikua anauacha pale anauchukua jioni akirudi.

Nirudi kwenye kitabu. Kiini chake hasa ni kesi ya mtoto. Kuna mwanamke Mchina, mhamiaji, anaitwa Bebe Chow, anafanya kazi na Mia kwenye mgahawa. Alizaa, mwanaume akamkimbia, kazi hana, maziwa ya kifuani yakakauka, pesa ya maziwa ya kopo hana, katikati ya baridi kali ya Januari akampeleka mtoto akamwacha kwenye kituo cha zimamoto. Baadaye akapata nafuu akaanza kumtafuta. Kumbe mtoto yuko kwa kina McCullough, marafiki wa kina Richardson, watu ambao wamepoteza mimba nyingi, wamelia miaka, wana chumba cha mtoto kimeandaliwa siku nyingi, na wamembadilisha jina kutoka May Ling kuwa Mirabelle. Mia ndiye anayemwambia Bebe mtoto wako yuko wapi. Mtaa mzima unagawanyika.

Na hapa namsifu mwandishi bila kupunguza, maana angeweza kutupa McCullough mbaya, mwanamke mwenye kiburi tumchukie tumalize. Hakufanya hivo. Unamwona mama huyu amemshika mtoto usiku, unaona jinsi alivyokwisha kumpenda, na unajua Bebe naye ametembea mitaa na miezi mingapi akimtafuta huyo huyo mmoja. Sisi wenyewe kwa Kiswahili tuna methali mbili ambazo zinaweza kusimama kwenye korti hiyo zikatazamana. Moja inasema kuzaa si kazi, kazi ni kulea, hiyo ingetumiwa na wakili wa McCullough. Nyingine inasema uchungu wa mwana aujuaye mzazi, hiyo ni ya Bebe. Nimezisikia zote mbili tangu utotoni mdomoni mwa watu wale wale, siku moja hii siku nyingine ile, na sikuwahi kufikiri kwamba zinapigana mpaka niliposoma kurasa za kesi. Na kilichoamua kule korti haikua methali yoyote kati ya hizo. Ilikua chumba cha mtoto, bima, nyumba, akaunti ya benki. Jaji anawapa McCullough.

Sehemu bora ya kesi kwangu ni pale wakili wa Bebe, Ed Lim, anapomhoji Mama McCullough mtoto atakua anajuaje asili yake. Anamuuliza ana midoli gani, ana vitabu gani, hao walio kwenye vitabu wanafanana naye? Yule mama anahangaika kujibu, mara anataja mgahawa wa Kichina wanaokwenda, mara midoli ya panda. Si kwamba ni mjinga, hajawahi kuulizwa tu. Maisha yake yote kila mdoli ulikua na sura yake yeye. Niliisoma hiyo nikaenda kutazama kabati ya wanangu wawili hapa Kyaliwajjala, nikatoa midoli mmoja mmoja nikaipanga kitandani. Yote mitatu nywele za dhahabu. Nilikaa hapo kwa muda.

Wenzangu wa Uganda hii kesi si ya mbali kabisa, na hapa kuna kitu kimenishika kooni. Miaka kadhaa hapa kwetu watoto walikua wanapelekwa Marekani kwa wingi kwa njia ya ulezi wa kisheria, mgeni anakuja, anapata amri ya korti, ndani ya muda mfupi yuko kwenye ndege na mtoto. Ndio maana sheria ya watoto ilirekebishwa 2016, sasa mgeni anayetaka kuasili mtoto lazima awe amekaa nchini angalau mwaka mmoja na amlee mtoto angalau mwaka mmoja kwanza, na ile njia ya ulezi ikafungwa kwa wasio raia. Agosti 2020 serikali ya Marekani yenyewe iliwawekea vikwazo majaji wawili wa Uganda, na wakili mmoja na mwenzake, kwa mpango ambao wazazi wa vijijini waliambiwa watoto wanakwenda kwenye elimu maalum, kumbe wanapelekwa kuasiliwa. Na shirika la Marekani lililohusika lilikua wapi? Strongsville, Ohio. Fungua ramani uone, Strongsville ni kitongoji cha Cleveland. Shaker Heights ni kitongoji cha Cleveland. Celeste Ng hakuandika juu yetu, aliandika juu ya mtoto wa Kichina na miaka ya tisini, lakini kutoka jiji lile lile watu walikuja kuwatafuta watoto wetu, na naamini wengi wao walikua kina McCullough kabisa, watu waliolia usiku, vyumba vya watoto tayari, roho safi, na hawakuuliza ni nani huku nyuma anatembea akitafuta. Nilipounganisha hivo vitu viwili sikulala vizuri.

Na hapa ndio nifike kwa mama yangu.

Nilipofika P5, darasa la tano la msingi, yule madamu wa Kololo alimwita mama jikoni, mimi nilikua mlangoni nasikia. Akamwambia, Rehema, niachie huyu mtoto akae hapa, nitamweka shule moja na binti yangu, ana kichwa kizuri atapotea kule, na wewe una wengine wanne. Mama alisema asante madamu, nitaongea na baba yake. Tukashuka kilima. Njia nzima hakusema kitu, alinishika mkono kwa nguvu mpaka vidole vikaniuma, na hakurudi tena. Hata mshahara wa mwezi ule hakwenda kuchukua. Baadaye yule madamu alituma mtu barakisi akasema nilimfanyia yote haya, kweli fadhila za punda ni mateke.

Nilimkasirikia mama miaka mingi, niseme ukweli. Nililitaka lile zulia na ile shule na ile friji. Nilisoma shule ya serikali ya watoto wengi kwenye darasa moja, nilifika nilikofika kwa kugonga ukuta na kichwa, na kila nilipogonga nilikumbuka ile siku jikoni. Kitabu hiki kimenifanya nisikie upya maneno mawili, una wengine. Mama mwenye nyumba alihesabu watoto wa mama yangu kama unavyohesabu vikombe, una vitano ukinipa kimoja unabaki na vinne, na yeye alikua na mmoja tu na hakuna mtu duniani angethubutu kumwambia huyo wako tupe maana utazaa mwingine. Na mle kwenye kitabu ndivyo watu wa Shaker Heights wanavyoongea juu ya Bebe, bado kijana, atapata mwingine, hali yake ikikaa sawa. Kana kwamba mtoto wa maskini ni wa majaribio.

Hiyo methali ya punda Mama Richardson angeipenda sana angeijua. Anaweka daftari moyoni. Kila wema alioufanya umeandikwa, kodi nafuu, kazi, rafiki aliyempa, na Mia anapomsaidia Bebe anaona amelipwa teke, ndipo anaanza kuchimba maisha ya Mia kwa kutumia uandishi wake wa habari, anakwenda mpaka Pittsburgh kwa wazazi wa Mia, anamwomba rafiki yake wa kliniki rekodi za wagonjwa. Anagundua Mia alibeba mimba kwa ajili ya wenzi wengine kwa makubaliano ya pesa, alafu akakimbia akiwa bado na mimba, na mtoto huyo ndiye Pearl. Na kwenye rekodi anaona jina la Pearl kwenye orodha ya waliotoa mimba. Kumbe aliyekwenda ni Lexie, binti yake mwenyewe, aliandika jina la Pearl. Lexie huyo huyo ambaye Pearl alimwandikia insha ya kuomba chuo. Hebu ona hapo, msichana wa nyumba kubwa amechukua akili ya rafiki yake kwa ajili ya chuo na jina la rafiki yake kwa ajili ya aibu, na wala hajioni mwizi, kwake ni vitu vilivyokua vimekaa karibu tu. Na aliyemlaza, akamchemshia chai, akamfunika baada ya kliniki ni Mia. Mama yake mzazi akija kumfukuza Mia kwenye nyumba, anamfukuza kwa kosa la binti yake. Hii sehemu imepangwa kwa ufundi mpaka nilisimama nikatembea chumbani.

Sasa mimi nami nina yaya. Anatoka upande wa Tororo, ana miaka ishirini na mbili na ana mtoto wa miaka mitatu ambaye yuko kijijini kwa bibi yake, ili yeye akae hapa ashike wangu. Wanangu wanamwita anti. Nchi hii kima cha chini cha mshahara kiliwekwa 1984, shilingi elfu sita kwa mwezi, na bunge lilipopitisha mswada mpya 2019 rais hakuutia saini, kwa hiyo hakuna sheria inayoniambia nimlipe nini, ni mimi na dhamiri yangu tu, na hapo ndipo daftari la Mama Richardson linapoanzia. Baada ya kusoma mara ya kwanza nilijisikiliza wiki nzima. Nikajisikia nikisema nimemnunulia viatu, nimemlipia daktari, alafu Jumapili anachelewa kurudi. Nilikua naandika kwenye daftari. Nimeongeza mshahara, na mwezi wa nane mtoto wake alikuja akakaa nasi wiki tatu za likizo, na siku ya kwanza alipomwita mama yake "mama" humu ndani kwangu wanangu walishtuka, hawakujua anti ni mama wa mtu. Wangejuaje, sikuwahi kuwaambia. Nyumba yangu ilikua Kololo na mimi sikujua.

Kasoro zipo na nizitaje maana kitabu si msahafu. Bebe hajatendewa haki na mwandishi. Anaingia, analia, anapigania, lakini ndani ya kichwa chake hatuingii kama tunavyoingia kwa Mama Richardson, na Kiingereza chake cha kuvunjika kinamfanya aonekane mdogo kuliko alivyo, ilhali kwa lugha yake mwenyewe angekua na mengi. Mtu ambaye kesi ni yake ndiye tunamjua kidogo zaidi. Mia naye amepewa busara nyingi mno, picha zake zinaona kila mtu hadi ndani, karibu hakosei kwenye mambo ya wengine, wakati kosa lake kubwa, la kumkimbia mwanaume na mkewe waliokua wanamsubiri mtoto wao, linapita haraka kuliko ningependa. Wale nao walikua na uchungu. Wanaume kwenye kitabu ni kama fanicha. Na Weusi wa mtaa ule, kama Brian mpenzi wa Lexie, ambaye wazazi wake ni daktari na wakili, anaongea ukweli mkali kidogo alafu anaondolewa jukwaani.

Kuna pia tamthilia ya 2020, Reese Witherspoon na Kerry Washington, huko Mia amefanywa mwanamke Mweusi, jambo ambalo kitabu hakisemi. Ni nzuri kwa njia yake, kelele nyingi zaidi. Anza na kitabu.

Kiingereza chake ni chepesi, mtu aliyemaliza S4, yaani kidato cha nne, anakisoma bila shida, ila majina ni mengi mwanzoni, vumilia kurasa hamsini. Kwa bei niliyonunua ningelipa mara mbili. Nawasihi hasa akina mama wenye wafanyakazi ndani ya nyumba wakisome, na mabinti waliokulia bois kota za watu, vile vyumba vya wafanyakazi nyuma ya nyumba kubwa.

Mara ya pili nilikisoma kwa sauti. Mama anakaa nami tangu baba afariki, Kiingereza hajui, kwa hiyo jioni tukichambua maharage nilikua nasoma ukurasa kimya alafu namweleza kwa Kiswahili, kama miezi miwili, anti naye amekaa pale anasikiliza. Mama hakusema mengi. Kuhusu Mama Richardson alisema tu, huyo namjua. Kesi ilipoisha kwa McCullough hakusema kitu, na nilipofika mwisho ambapo Bebe anaingia usiku anamchukua mtoto wake anapanda ndege kurudi China, anti alipiga makofi, mama akamtazama akatikisa kichwa, sikujua ni ndiyo au hapana.

Lakini kuna swali aliuliza mwanzoni kabisa, siku ile nilipomweleza Bebe amempeleka mtoto kituo cha zimamoto akamwacha. Aliacha kuchambua. Akauliza, kulikua na baridi? Nikamwambia Januari, Mama, kule ni theluji. Akauliza, alimfunika? Nikarudi kwenye kitabu kutafuta, ikanichukua dakika kadhaa kuipata ile sehemu, na yeye alisubiri mikono iko juu ya ungo. Nikamwambia amefunikwa, mablanketi kadhaa, ndani ya boksi.

"Basi endelea," akasema.